Niache Nifanye Mwenyewe, Lakini Nitazame

Na Mwandishi Wetu, Tanga

Alasiri moja, katika nyumba ya kupanga huko Ngamiani, jijini Tanga, mama mmoja alikuwa ameketi juu ya mbuzi akikuna nazi ya mchuzi wa usiku, kitindamimba wake amemfunga mgongoni kwa kanga, na mbele yake amesimama mwanawe wa kati, mvulana wa miaka 5, ambaye hakuwa akilia wala kucheka, bali alikuwa akirudia neno moja tu: kwamba na yeye ataka kukuna.

Mama alimwambia angoje. Akangoja kidogo, kisha akakishika kifuu. Mama akamwondoa mkono, kwa kuwa meno ya mbuzi hayachagui kidole cha mkubwa wala cha mdogo. Akaomba tena, safari hii kwa sauti ya juu; mtoto wa mgongoni akaamka, mama akainuka kumbembeleza, na katika kuinuka huko kijana akaikalia mbuzi, akakuna mara mbili tatu kwa nguvu zake zote, akakwangua hadi kwenye ganda, weupe wa nazi ukachafuka kwa unga wa kahawia, na sinia nzima ikapinduka chini.

Ghafla akatazamwa na nyumba nzima. Mama alimtazama, dada yake alimtazama akiwa mlangoni na ndoo mkononi, mpangaji wa chumba cha pili alichungulia kujua kulikoni. Kofi lilikwisha inuliwa. Lakini bibi yake, aliyekuwa barazani akichambua mchele, alimwita, akamkalisha kando yake, akamtilia katika kifumbu chicha za nazi ya kwanza, akamwonyesha jinsi ya kukipinda na kukikamua hata tui jepesi litoke. Kwa muda wote mchuzi ulipokuwa ukitengenezwa kijana yule hakusikika tena. Ila kila akikamua mara moja alimwinulia bibi uso, kuona kama bado anamwangalia.

Katika kisa hicho, ambacho hutokea katika maelfu ya nyua za mwambao na bara bila ya mtu kukiandika, mna mambo mawili yaliyotakwa na mtoto mmoja kwa wakati mmoja: kuachiwa afanye kazi kwa mkono wake mwenyewe, na kutazamwa anapoifanya. Watu wazima aghalabu hudhani kwamba mambo haya yanapingana, kwamba anayetaka kutazamwa angali mdogo na anayetaka kuachwa amekwisha kuwa mkubwa. Na kwa dhana hiyo humpa mmoja jicho bila ya kazi, wakampa mwingine kazi bila ya jicho, kisha wakastaajabu kwa nini wote wawili hawaridhiki.

"Lile aliloliomba kwa adabu akalikosa, akalipata kwa hasara."

Aliyeshushwa enzini

Daktari Alfred Adler, aliyezaliwa mwaka 1870 pembezoni mwa Vienna, naye akiwa mtoto wa pili, mwenye maradhi, nyuma ya kaka mwenye siha njema, ni miongoni mwa wataalamu wa kwanza wa elimu ya nafsi waliofundisha kwamba mahali pa mtoto katika safu ya ndugu zake humwelekeza njia ya kudai sehemu yake. Kifungua mimba, kwa maelezo yake, ni mfalme aliyetawala peke yake hata siku aliyoletewa mgeni ambaye watu wote wanamwinamia, yeye akashushwa enzini bila ya kuelezwa kosa lake.

Mfuasi wake, Rudolf Dreikurs, aliyehama Vienna akafanya makao yake Chicago, aliendeleza hoja hiyo katika kitabu cha wazazi kilichotoka mwaka 1964. Alishika kwamba utundu mwingi una shabaha: mtoto akikosa kutazamwa kwa wema hutafuta kutazamwa kwa ubaya; na hilo lisipomfaa huingia katika kushindana nguvu na mzazi, kisha katika kulipa kisasi, na mwisho hukata tamaa, akajionyesha kuwa hawezi lolote ili asitakwe lolote.

Mama wa pwani hakuhitaji daktari wa Vienna kumwambia kwamba mtoto akipata mdogo wake hubadilika. Ajua kwamba yule aliyemwachia mwenziwe ziwa huanza tena kukojoa kitandani, hutaka kulishwa ilhali alikuwa akila mwenyewe, na humfinya mdogo wake wakati watu wamegeuka. Walichokuwa nacho wazee wetu ni watu wa kumpokea mtoto huyo. Alichukuliwa na bibi akalala naye kitanda kimoja, au shangazi akamwomba akae kwake miezi kadhaa, na huko akawa tena mtoto wa kwanza wa mtu fulani.

Macho yamepungua

Hali hiyo haijatoweka, walakini imedhoofika, hususan mijini. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu Watanzania milioni 61.7, na wastani wa watu wa kaya moja ukawa 4.3. Wastani huficha mengi, kwa kuwa zipo nyumba za watu 12 na zipo za mtu mmoja. Hata hivyo, kwa jamaa anayeishi katika chumba na ukumbi wa kupanga, maana yake ni baba, mama, na watoto wawili au watatu, bibi yuko Muheza au Pangani, na shangazi huonekana siku ya Idi.

Mama huyo huamka alfajiri kukaanga vitumbua au kuwahi sokoni. Baba hurudi baada ya isha. Baina ya nyakati hizo mbili mtoto huwa chini ya ndugu yake mkubwa, au binti wa kazi ambaye mwenyewe ni mtoto wa watu, au simu iliyowekwa mbele yake ili atulie. Simu hiyo humtuliza kwa hakika, na mzazi aliyechoka hastahiki kulaumiwa kwa kuitumia. Lakini haiinui uso kumwangalia.

Kadhalika umepungua ule mlango ambao zamani mtoto alijua kwamba atapitia kuingia utu uzima. Kijana wa kiume alikwenda jandoni akiwa na akili za kutosha kukumbuka aliyofundishwa, na aliporudi watu walimwamkia kwa namna nyingine. Siku hizi wengi hutahiriwa hospitalini wangali wachanga, jambo lililo jema kwa afya yao. Bali hakuna kilichowekwa badala yake ili kumjulisha mtoto lini ataachiwa nini, hivyo kila nyumba hubahatisha, na mtoto hulazimika kujipimia mwenyewe kwa kujaribu na kupigwa.

Hoja ya wazee

Wako wanaosema kwamba mjadala huu wote ni wa kudekeza. Mzee mmoja wa mtaa huohuo, aliyewalea wanawe kwa kazi ya uvuvi, alitueleza kwa heshima lakini bila ya kuficha kwamba mtoto akitazamwa mno hujiona ndiye nguzo ya nyumba, na kwamba yeye hakumbuki baba yake kumuuliza hata mara moja anajisikiaje, ila akumbuka vizuri siku aliyopewa usukani wa ngalawa.

Hoja hii haifai kupuuzwa, kwani uchunguzi mkubwa uliofanywa na wageni katika ardhi yetu unaiunga mkono kwa sehemu. Katika miaka ya 1950 John na Beatrice Whiting wa Chuo Kikuu cha Harvard waliongoza uchunguzi wa malezi katika jamii sita: moja ya Mexico, moja ya Ufilipino, moja ya Okinawa, moja ya India, mji mmoja mdogo wa New England nchini Marekani, na Nyansongo katika nchi ya Wagusii, Kenya, ambako waliishi Robert na Barbara LeVine. Watoto waliangaliwa katika shughuli zao za kila siku, na kila tendo likaandikwa.

Matokeo yalichapishwa mwaka 1975. Watoto wa Nyansongo, ambao walichunga ng'ombe, wakachota maji, wakatafuta kuni na kuwalea wadogo zao, walionekana zaidi wakisaidia wenzao na kuwaelekeza katika jambo la kufaa. Watoto wa mji ule wa Marekani, ambao kazi zao zilikuwa chache na hata zisipofanywa hakuna ambaye angelala njaa, walionekana zaidi wakitafuta kutazamwa na kuomba wasaidiwe. Waandishi waliihusisha tofauti hiyo na wingi wa kazi za mama: penye mama mwenye shamba na watoto wengi, mtoto anahitajika kweli, na anajua kwamba anahitajika.

Basi mzee wa ngalawa ana haki katika jambo hili moja, nalo ni kubwa. Kazi ya kweli humpa mtoto cheo ambacho sifa tupu haziwezi kumpa. Usukani aliopewa haukuwa mchezo. Angeuzembea, wote wangezama. Lakini tulipomuuliza ni nani aliyekuwa amekaa nyuma yake siku ile, alijibu kwamba ni baba yake, na kwamba hakuondoa macho kwake mpaka walipofika pwani.

Hoja ya sheria

Upande wa pili wamesimama watu wa sheria na wa ustawi wa jamii, nao wana hati mikononi. Mkataba wa Haki za Mtoto wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1989, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 1991, husema katika kifungu cha 12 kwamba mtoto awezaye kuwa na rai yake apewe nafasi ya kuitoa katika mambo yanayomhusu, na rai hiyo ipimwe kwa kadiri ya umri na upevu wake. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 ya Tanzania Bara iliingiza haki hiyo katika kifungu cha 11. Zanzibar ilipitisha yake mwaka 2011, na Kenya iliitunga upya sheria yake mwaka 2022.

Wazazi wengi wakisikia maneno hayo huingiwa na hofu kwamba wametakiwa kuwatii watoto wao. Sivyo ilivyoandikwa. Sheria imetaka mtoto asikilizwe. Haikusema kwamba kauli yake ndiyo ya mwisho. Aidha Mkataba wa Afrika wa Haki na Ustawi wa Mtoto, uliopitishwa mwaka 1990, umeweka katika kifungu cha 31 wajibu wa mtoto mwenyewe: kushikamana na jamaa yake, kuwaheshimu wazazi na wakubwa zake nyakati zote, na kuwasaidia panapo haja. Waliouandika walikuwa Waafrika waliojua kwamba haki na wajibu hulala katika mkeka mmoja.

Twakiri, hata hivyo, kwamba fasihi yetu ya malezi ina sauti ya upande mmoja. Mwana Kupona binti Msham alimtungia bintiye utenzi wa wasia huko kaskazini mwa mwambao mwaka 1858, naye mgonjwa. Shaaban Robert alimtungia bintiye Utenzi wa Hati na mwanawe Utenzi wa Adili. Katika tungo hizo mzazi husema na mtoto husikiza, na hatumsikii mtoto akijibu. Lakini anayezisoma kwa ajili ya kulaumu asisahau kwamba mama yule, katika udhaifu wa maradhi yake, alimchagua mtoto mmoja, akamwita kwa nafsi yake, akakaa kumfikiria ubeti kwa ubeti. Ni watoto wangapi leo walio na saa moja ya mzazi iliyokuwa yao peke yao?

Waliyoyasema mama wa Buganda

Kwa maoni yetu jawabu la mvutano huu lilipatikana karibu nasi, muda mrefu kabla ya sheria hizo. Mwaka 1954 mwanasaikolojia Mary Ainsworth alifika Kampala kwa kumfuata mumewe, aliyepata kazi katika taasisi ya utafiti wa jamii hapo Makerere. Akiwa na mkalimani, alitembelea vijiji vya Buganda, akawaangalia watoto 28 wa mama 26 majumbani mwao, takriban kila baada ya wiki mbili, kwa saa mbili hivi kila mara, kwa muda wa miezi kadhaa. Kitabu alichokitoa mwaka 1967 kingali kikitajwa na wanafunzi wa elimu hiyo.

Aliona kwamba mtoto mwenye imani na mama yake ndiye amwachaye. Hutambaa hadi pembe ya chumba, akashika hiki na kile, kisha hugeuka kumtazama, au hurudi kumgusa, halafu huondoka tena kwenda mbali zaidi. Asiye na imani hiyo hulia na kung'ang'ania hata akiwa amepakatwa. Uhuru wa kwanza wa binadamu, kwa hiyo, hauanzi kwa kufukuzwa mapajani. Huanzia kwenye hakika ya kwamba akigeuka atakuta uso.

Tena liko jambo jingine alilolikuta, nalo ndilo lililotushughulisha zaidi. Mama waliokuwa hodari wa kumweleza mgeni habari za watoto wao kwa tafsili, lini ameanza kufanya jambo gani, nini humwudhi, nini humfurahisha, aghalabu ndio waliokuwa na watoto wenye utulivu na imani. Habari nyingi kinywani mwa mama zilikuwa ishara ya jicho lililokuwa likifanya kazi.

"Mtoto aliyetazamwa vya kutosha ndiye anayethubutu kwenda mbali."

Yule asiye na taabu

Katika nyumba ile ya Ngamiani, aliyetuvuta zaidi hakuwa kijana wa nazi, bali dada yake wa miaka 11. Tangu kutoka shule hata magharibi alivua sare akaifua na kuianika. Akachota maji bombani. Akampokea kitindamimba kutoka mgongoni kwa mama, akamtuliza, akamnywesha uji kwa kijiko akiupuliza kila mara. Akaokota nazi iliyomwagwa na nduguye, akaisuuza, akaisogeza kwa mama bila ya neno. Akatumwa dukani mafuta ya taa na chumvi, akarudi na chenji kamili. Katika kazi hizo zote hakuagizwa ila ile ya duka. Ukimwangalia kwa jicho la uhuru, mtoto huyu anao. Hapana kazi ya nyumba ambayo haiwezi mwenyewe.

Tulipomuuliza mama habari za mvulana wa kati, alisema nasi kwa kirefu: kwamba hapendi kuvaa viatu, kwamba humwogopa paka wa jirani lakini hamwogopi mbwa, kwamba usiku huuliza kama jua limekufa, kwamba akikasirika hujificha nyuma ya mlango akitaka atafutwe. Tulipomuuliza habari za binti, alitabasamu kwa fahari, akasema kwamba huyo hana taabu. Akanyamaza. Hakuwa na la kuongeza.

Hatumlaumu mama yule, ambaye siku yake huanza alfajiri na ambaye mapenzi yake kwa wanawe wote yalionekana wazi. Lakini neno hilo ndilo tuliloondoka nalo. Mtoto mwenye kumwaga nazi amejifunza njia ya kuitwa jina lake. Mtoto mwema amejifunza kwamba jina lake halitaitwa, na kwa kuwa yeye ni mwema huendelea kuwa mwema, akizidisha kazi kwa kutaraji kwamba siku moja kazi yenyewe itatazamwa. Walimu wa shule za msingi wanawajua watoto wa namna hii. Ndio wanaoumwa tumbo lisilo na homa, wakaombwa wakapumzike, na wakiisha kukaa robo saa karibu na mwalimu anayewauliza habari, tumbo hupoa.

Jambo hili huwapata zaidi wasichana, kwa sababu kaka zao hupewa mtaa mzima wa kuzungukia mpaka adhana ya magharibi, na huko hupata wenzi, mabishano na sifa za mpira. Msichana wa umri uleule amepewa uhuru wa jikoni tu. Na akifika baleghe hata njia ya dukani hupunguzwa. Hapo ndipo penye hatari ambayo wazazi huiona baada ya kuwa imekwisha kutokea: mtu wa kwanza atakayemuuliza binti huyu ameshindaje, anapenda nini, anaogopa nini, akamngoja amalize jibu lake, huenda asiwe mtu wa nyumbani, na huenda asiwe mtu mwema.

Hapa ndipo wazee na wanasheria, kwa maoni ya mwandishi huyu, wote wawili wamefika nusu ya njia. Wazee wamesema kweli kwamba mtoto apewe kazi, ila wengi wao wamesahau aliyekuwa amekaa nyuma ya usukani. Wanasheria wamesema kweli kwamba mtoto asikilizwe, ila kifungu cha sheria hakiwezi kukaa barazani na kifumbu. Mtoto aliyepewa kazi isiyotazamwa na mtu ametumiwa tu. Na anayetazamwa asiwe na kazi yoyote amefanywa pambo.

Tunawaomba basi wazazi, na kila mwenye kulea mtoto asiye wake, wampe mdogo kazi iliyo ya kweli, hata ikiwa itaharibika mara ya kwanza na ya pili: akamue tui, ahesabu mabakuli ya wageni, apeleke sahani kwa jirani wa nyumba ya tatu huku mkubwa amesimama mlangoni. Na mkubwa apewe muda ambao hana kazi ndani yake, aketi na mama au baba bila ya mtoto mgongoni, aulizwe, angojwe, asikatizwe. Si lazima uwe mrefu. Mwendo wa kwenda kisimani na kurudi watosha, maadamu ni wake peke yake. Mwenye watoto wengi asiyejua pa kuanzia na aanze na yule ambaye, akiulizwa habari zake, hujibu kwamba hana taabu.